Draiva ya mtandao inagoma kuingia baada ya kufomati, naomba msaada (niko Malaba)

KaraniWaMpakani
Habari za jioni wakuu. Nina duka la kuchapa na kuskani hati hapa Malaba, upande wa Uganda. Wateja wangu wengi ni madereva wa malori na vijana wa mawakala wa forodha, kwa hiyo intaneti ikikatika biashara imekwisha. ASYCUDA (mfumo wa forodha) haifunguki, mambo ya URA (mamlaka ya mapato) yanalala, na mteja anavuka barabara kwenda kwa jirani bila hata kuaga.

Mashine ni HP Compaq Elite 8300, used, i5 ya kizazi cha tatu. Ilikuwa imejaa virusi, ikakaa imezimwa kwa muda, halafu kijana mmoja akanifomatia na kuniwekea Windows 10 ya biti 64. Baada ya hapo kebo ya mtandao haifanyi chochote. Kwenye Device Manager (orodha ya vifaa ya Windows) naona alama ya njano penye "PCI Simple Communications Controller". Nikapakua draiva ya Intel, yaani programu ya kuendesha kadi ya mtandao, kwa simu, nikaihamisha kwa flashi. Nikiifungua inajibu kwamba hakuna adapta ya Intel kwenye kompyuta hii. Lakini kibandiko cha Intel kiko pale mbele, nakiona kwa macho yangu! Toleo jingine la draiva limenipa jibu lile lile. Kijana anataka nimlipe tena aje aweke Windows nyingine. Nishaurini.

chuma_cha_owino
Piga chini hiyo Windows 10. Weka 7, kila kitu kitakubali. Mashine za zamani zinataka vitu vya zamani.

BintiJinja
Pole ssebo. Mimi pia nina laptopu yenye shida kama yako, nitaeleza nikipata nafasi. Kuna ile programu moja inayojidai kutafuta draiva zote, usiiguse. Mimi iliniwekea kivinjari kigeni na matangazo, draiva yenyewe haikuleta.

FundiKoboko
Karani, usipakue tena kitu mpaka tujue kifaa chenyewe ni kipi. Jina lile penye alama ya njano ni kisio la Windows tu, linataja aina ya kifaa na kuishia hapo. Bofya kulia juu yake, fungua Properties, nenda ukurasa wa Details, halafu kwenye kisanduku cha juu chagua Hardware Ids. Utaona mstari unaoanza na PCI\VEN_ ukifuatiwa na herufi au tarakimu nne, kisha DEV_ na nne nyingine. Hiyo ndiyo namba ya gari. VEN inakwambia nani ametengeneza: 8086 ni Intel (wamejipa namba ya prosesa yao ya mwaka 1978), 10EC ni Realtek, 14E4 ni Broadcom, 168C ni Atheros. DEV inakwambia ni kifaa gani hasa. Ukishazipata hizo, huhitaji tena kubahatisha na majina ya kurasa za kupakulia.

Na wewe wa Owino, ushauri wako ungemzamisha kabisa. Mashine za 8300 zina kadi ya Intel 82579LM. Windows 7 ilitoka 2009, kadi hiyo ikaja baadaye, kwa hiyo diski ya Windows 7 haiijui. Windows 10 ndiyo inayo draiva yake ndani tayari. Kumbuka pia Microsoft iliacha kuitunza 7 tangu Januari 2020, na hiyo ni mashine inayoingia kwenye mifumo ya forodha.

Na hapo ndipo ninapopata wasiwasi, Karani. Kwa mashine yako, ukishaweka Windows 10, kadi ilitakiwa ijiwashe yenyewe bila kupakua chochote. Kama haikujiwasha, mimi siangalii draiva kwanza.

chuma_cha_owino
Windows 10 nayo ilishaachwa Oktoba 14, 2025. Tusijifanye malaika.

FundiKoboko
Hilo ni kweli na sibishi. Ila i5 ya kizazi cha tatu haimo kwenye orodha ya Windows 11, na Karani ana wateja kesho asubuhi. Tuzime moto kwanza.

KaraniWaMpakani
Asante mzee. Nimeangalia. Inaandika PCI\VEN_8086&DEV_1E3A, halafu mambo mengine marefu nyuma yake. Kwa hiyo ni Intel kweli? Mbona basi programu ya Intel inakana?

FundiKoboko
Ni Intel, lakini siyo kadi ya mtandao. 1E3A ni Management Engine, kile kidude cha usimamizi kilichomo ndani ya chipset (chip kuu za mazabodi, ubao mkuu wa mashine). Neno "Communications" ndilo limewapotosha watu wengi wakadhani ni intaneti. Hicho kikikosa draiva mashine inafanya kazi tu, na ukishapata mtandao Windows Update itakuwekea.

Kadi yako ingeandika VEN_8086&DEV_1502. Tazama sehemu ya Network adapters na ile ya Other devices. Ukikuta "Ethernet Controller" yenye alama ya njano na Code 28, hiyo maana yake kadi ipo, imekosa draiva. Hapo mambo ni mepesi. Kama 1502 haipo popote, basi ujumbe wa Intel ulikuwa unasema kweli tupu. Programu ile haisomi vibandiko, inauliza mazabodi "nani yupo?", na kadi yako haikuitika.

KaraniWaMpakani
Haipo. Nimepekua orodha nzima. Ethernet hakuna kabisa, hata yenye alama ya njano.

mlima_tororo
Naomba niulize swali la kijinga. Wakati mashine imezimwa, kebo ya mtandao ilikuwa imechomolewa?

KaraniWaMpakani
Umeme niliuchomoa. Kebo ya mtandao iliachwa, kwani inabeba umeme? Inatoka kwenye ruta ya jengo la nyuma, inapita juu ya ua, inaingia dukani.

mlima_tororo
Banange. Ndugu yangu, wewe uko wilaya ya Tororo na una kebo ya shaba inayoning'inia uani! Mji wetu huu uliingia kwenye vitabu vya rekodi kwa kuhesabiwa wastani wa siku 251 za radi kwa mwaka, kati ya 1967 na 1976. Siyo lazima radi ipige duka lako. Ikipiga karibu tu, ile kebo ndefu inaokota mshtuko na kuupeleka moja kwa moja kwenye tundu la mtandao. Watu huku wanachomoa televisheni mawingu yakikusanyika, kebo ya mtandao wanaisahau. Nimeona swichi za mtandao za milango minane zikibaki na milango miwili hai.

KaraniWaMpakani
Mvua ya radi ilikuwepo, tena ya kutosha. Sasa nitajuaje kama ni radi au ni Windows? Kijana anaapa kwamba ni Windows.

FundiKoboko
Tutaiuliza mashine bila Windows. Fanya hivi, na usiruke hatua.

Zima, chomoa waya wa umeme na kebo ya mtandao, bonyeza kitufe cha kuwashia na ukishikilie kidogo ili chaji iliyobaki iishe. Wakati mwingine kadi huganda na hii peke yake huifufua. Rudisha umeme, washa, gonga F10 uingie BIOS (mipangilio ya mashine iliyo chini ya Windows). Kwenye sehemu ya Security kuna orodha ya vifaa vya ndani ambavyo vinaweza kufichwa. Mashine hizi zilitoka maofisini Ulaya, na baadhi ya maofisa wa kompyuta wa huko walipenda kufunga vitu. Ukikuta kadi ya mtandao imefichwa, iruhusu, hifadhi, toka. Ikiwa ndiyo hiyo, utacheka.

Kisha chomeka kebo na utazame taa ndogo kwenye tundu. Jaribu hiyo kebo kwenye laptopu nyingine kwanza ili usije ukailaumu kadi kwa kosa la kebo.

Mwisho, tafuta mtu mwenye flashi ya Ubuntu, mfumo mwingine badala ya Windows. Washa mashine kwa flashi hiyo, chagua kujaribu bila kusakinisha, fungua dirisha la amri uandike:

lspci -nn

Ubuntu ina draiva ya kadi hiyo ndani yake. Na hata isingekuwa nayo, amri hii huorodhesha vifaa vyote vya PCI vinavyoitika, vyenye draiva na visivyo nayo. Tafuta [8086:1502]. Ikionekana huko na Windows haiioni, nitakuomba radhi kwa niaba ya kijana wako. Ikikosekana huko pia, usimlipe mtu kufomati.

boda_wa_ntinda
Nikae hapa hapa na mimi. Kwangu kadi ipo, ni Realtek DEV_8168, lakini draiva inaanza kuingia haimalizi. Device Manager inaandika Code 56. Nimeifuta na kuirudisha hadi nimechoka. Wi-Fi nayo ni hivyo hivyo.

FundiKoboko
Boda, wewe una VPN (programu za kukwepa vizuizi vya mtandao) ngapi kwenye hiyo mashine?

boda_wa_ntinda
😂😂 Umejuaje? Tatu. Moja ya enzi za ushuru wa OTT wa mitandao ya kijamii, nyingine ya Januari 2021 mitandao ilipozuiwa wakati wa uchaguzi, na moja ya sasa ya kufungulia Facebook.

FundiKoboko
Nani Uganda hana? Tangu zile shilingi 200 kwa siku za 2018, kila mashine ninayofungua ina mabaki ya VPN. Nyingi huacha kichujio ndani ya mfumo wa mtandao wa Windows, na kila kadi mpya inapotaka kujisajili lazima ipite kwenye vichujio hivyo. Kimoja kikiwa kimeharibika, usajili unakwama njiani, ndiyo Code 56 yako: Windows bado inapanga mipangilio ya kifaa, na haimalizi. Ndiyo maana kadi mbili za kampuni tofauti zimegoma pamoja. Draiva mbili haziharibiki siku moja.

Ondoa VPN zote tatu kwa njia ya kawaida, usifute folda tu. Zima na uwashe. Nenda Settings, Network & Internet, Status, teremka chini kabisa uchague Network reset. Ikishindikana, fungua dirisha la amri kama msimamizi uandike netcfg -d, kisha washa upya. Andika pembeni nenosiri la Wi-Fi na anwani kama uliziweka kwa mkono, kwa sababu vyote hivyo vitafutika. Baadaye rudisha VPN moja, ile unayoitumia kweli.

boda_wa_ntinda
Nimetoa zote. Network reset pekee haikutosha, ile netcfg ndiyo iliyokata mzizi. Kadi zote mbili zimeamka. Webale nnyo mzee.

BintiJinja
Sasa na mimi. Laptopu yangu ni Windows 7 biti 64, na kabla hamjanirukia, kuna programu ya hesabu za duka la baba ambayo haikubali kwingine. Kadi ni Realtek, DEV_8136. Nimechukua draiva mpya ya Windows 7 kutoka kwa watengenezaji wenyewe. Inaingia hadi mwisho, kisha alama ya njano na Code 52, eti sahihi ya kidijitali haithibitiki. Kaka mmoja alinionyesha kubonyeza F8 wakati wa kuwasha na kuchagua kutokagua sahihi. Inafanya kazi siku hiyo, kesho yake imerudi palepale.

FundiKoboko
Dada, F8 inafungua mlango kwa mwasho mmoja tu, ukizima unajifunga. Tena ni mlango ambao sitaki uuache wazi.

Draiva yako ni nzima, Windows yako ndiyo haijui kusoma sahihi ya kisasa. Draiva za zamani zilitiwa sahihi kwa njia iitwayo SHA-1, siku hizi ni SHA-2. Windows 7 ilifundishwa SHA-2 baadaye kwa masasisho, na laptopu iliyowekwa kwa diski ya zamani bila kusasishwa haina. Unahitaji mawili: KB4490628 kwanza, kisha KB4474419. Yatafute kwa namba hizo kwenye Microsoft Update Catalog kwa kutumia kompyuta nyingine, chukua ya x64, yalete kwa flashi. Laptopu lazima iwe na Service Pack 1, bila hiyo yatakataa. Ukimaliza washa upya, halafu weka draiva upya.

Kama hutaki safari hiyo, tafuta toleo la zamani la draiva, lenye sahihi ya SHA-1. Ila masasisho yatakufaa pia siku ya kuweka printa.

Na hiyo laptopu, nakuomba, ifanye hesabu za baba tu. Mambo ya benki fanyia kwingine.

BintiJinja
Sawa mzee, hiyo ya benki nimeisikia.

opio_wa_kazi
Kwa wenye Windows 11, nao wana mtego wao. Unaiweka upya, inafika pale inapodai uunganishe mtandao, na kadi haina draiva, na kitufe cha kuendelea kimefifia. Bonyeza Shift na F10, litatokea dirisha la amri, andika OOBE\BYPASSNRO. Mashine itajiwasha upya na kukuruhusu upite bila intaneti. Matoleo mapya yameanza kuiondoa njia hii, kwa hiyo siku hizi mimi hutembea na draiva za Intel na Realtek kwenye flashi, zikiwa zimefunguliwa na siyo ndani ya .exe. Unafungua .exe kwa 7-Zip, unaitafuta folda yenye faili la .inf, basi. Mahali popote penye dirisha la amri la msimamizi unaandika:

pnputil /add-driver D:\draiva\*.inf /subdirs /install

Yenyewe inachagua inayolingana na namba ya kifaa. Kisakinishi cha kubofya kinaweza kugoma kwa sababu zake, .inf haina maneno mengi. Na ikikataa, fungua C:\Windows\INF\setupapi.dev.log, tafuta namba ya kifaa chako, halafu tazama mistari yenye alama tatu za mshangao. Sababu imeandikwa hapo. Mafundi wengi hawalifungui faili hili kwa sababu ni refu, wanakimbilia kufomati.

KaraniWaMpakani
Nimerudi. BIOS inaonyesha kadi imeruhusiwa. Kebo ni nzima, laptopu ya jirani imeikubali. Kwenye mashine yangu taa za tundu hazijawaka hata kidogo. Nimepata flashi ya Ubuntu kwa mwalimu mmoja, nikaandika ile amri. Kuna 8086 nyingi, 1e3a ipo, lakini 1502 haipo. Ubuntu nayo haikupata mtandao.

FundiKoboko
Basi imekufa. Kwenye mazabodi hizi kazi ya mtandao imegawanywa: sehemu moja iko ndani ya chipset, nyingine ni chip ndogo karibu na tundu la kebo, na hiyo ndiyo inayopokea kipigo. Chip hiyo ikinyamaza, mara nyingi mashine haitangazi kadi kabisa. Shukuru kwamba mshtuko uliishia hapo, ungeweza kupita ukachukua mazabodi yote.

Nunua kadi ya PCI Express ndogo, x1, yenye chip ya Realtek 8111. Windows 10 ina draiva yake ndani, ile sidii ya kwenye boksi iache humo. Kama mashine yako ni ile nyembamba, mwambie muuzaji akupe yenye bati fupi, la sivyo itakaa ndani bila kufungwa na kesi haitafunika. Adapta ya USB ya mtandao nayo inafaa, ila dukani kwa watu itang'olewa na mikoba.

Leo hii usilale njaa. Chukua simu ya Android na waya wake wa USB, washa USB tethering (kugawa intaneti ya simu kwa waya) kwenye mipangilio ya simu. Windows 10 itaiona kama kadi ya mtandao mara moja, haihitaji draiva ya kupakua. Kisha ingia Settings, kwenye Ethernet hiyo mpya, uwashe kipengele cha metered connection, cha kubana matumizi ya bando. Usipofanya hivyo Windows Update itameza bando lote kabla mteja wa kwanza hajakaa, na bando lenyewe lina kodi ya asilimia 12 juu yake tangu Julai 2021.

mlima_tororo
Na kwa kuwa uko Malaba, zima data roaming kwenye simu. Laini ikidandia mnara wa ng'ambo, utashangaa salio limekwenda wapi.

KaraniWaMpakani
Tethering imekubali dakika hii hii! ASYCUDA imefunguka. Kadi nimeagiza Kampala, inakuja na taksi. Kijana nimemwambia asije.

chuma_cha_owino
Kijana naye ana watoto jamani.

BintiJinja
Taarifa: KB zote mbili zimeingia. Ya pili ilikataa mwanzoni mpaka nilipowasha upya baada ya ya kwanza. Draiva sasa haina alama, nimezima na kuwasha, iko palepale. Baba ameniuliza kwa nini sikufanya hivyo mwaka jana.

KaraniWaMpakani
Kadi imefika, nimeichomeka mwenyewe. Windows imeitambua kabla sijakaa vizuri kwenye kiti, namba ni VEN_10EC&DEV_8168. Alama ya njano ya Management Engine nayo imeondoka baada ya Update. Swali moja la mwisho: ile kebo ya uani nifanyeje? Na lile tundu bovu?

mlima_tororo
Kebo ya uani itoe. Weka pea ya redio za Wi-Fi za nje kama unaweza, au fiba kati ya majengo mawili, fiba ni kioo, radi haina cha kushika. Kwa sasa, kila jioni chomoa umeme na kebo vyote viwili, na wingu jeusi likitokea upande wa mlimani usisubiri jioni.

FundiKoboko
Tundu bovu lifiche kule kwenye BIOS na ulibandike selotepu. Msaidizi wako wa duka atachomeka kebo humo wiki ijayo, halafu utatuletea uzi mwingine.